Je, Wajua? Nyota Hii ni Chombo cha Baharini

Katika ulimwengu aliobuni J.R.R. Tolkien, nyota inayopendwa kuliko zote si nyota. Ni chombo, Vingilot, kinachokata mawimbi ya anga. Nahodha wake, Eärendil, amefunga kito kwenye paji la uso, na mwanga unaoonekana chini ni wa kito hicho. Huonekana alfajiri na jioni. Naam, ni Zuhura ileile tuijuayo!

Jina la Eärendil, Tolkien hakulitunga. Alilikuta katika shairi la Kiingereza cha kale, likamvutia kwa uzuri wa sauti yake. Septemba 1914, akiwa na miaka 22, akaliandikia shairi lake mwenyewe. Frodo, mhusika wake mwingine, na pete yake walikuja miaka mingi baadaye.

Katika hadithi, nuru ya nyota hiyo hata hutiwa chupani. Frodo alipewa kichupa cha kioo, ndani yake maji ya chemchemi yaliyonasa mwanga wa nyota. Gizani, pangoni mwa buibui Shelob, ndicho kilichokuwa taa yake.

Jina hilo limefika hata nje ya hadithi. Machi 2022 ilitangazwa kwamba darubini ya Hubble imenasa mwanga uliosafiri miaka bilioni 12.9. Chanzo chake kikapewa jina lile la kale: Earendel.