SANGARA, NDOANA NA SHERIA

Uvuvi wa mshipi ni burudani njema kwa mtu aliyemaliza kazi za juma zima. Hata hivyo, burudani hiyo nayo ina sheria zake.

Nchini Uganda, mahali mashuhuri kwa uvuvi wa namna hii ni Mto Nile, chini ya Maporomoko ya Murchison. Samaki atafutwaye zaidi hapo ni sangara, ambaye Waganda humwita mputa. Aweza kufikia urefu wa meta 2 na uzito wa kilo 200. Huko ndiko kwao asilia. Maporomoko yalimzuia asipande juu, na katika maziwa ya Kyoga na Victoria alipelekwa na wanadamu katika miaka ya 1950.

Kwa kuwa mahali hapo pamo ndani ya hifadhi ya taifa, mvuvi hana budi kupata kibali cha Mamlaka ya Wanyamapori kabla ya kutupa ndoana.

Pia sheria ya nchi huwalinda samaki wachanga. Sangara asiyefikia sentimeta 50, na ngege asiyefikia sentimeta 28, hawaruhusiwi kuvuliwa. Mwaka 2017 askari walipelekwa maziwani kuisimamia sheria hiyo, na nyavu na mitumbwi isiyo halali ikachomwa moto. Ni aibu basi kwa askari aliye likizoni kurudi nyumbani na samaki mchanga, hali mvuvi maskini amepoteza riziki yake kwa kosa hilohilo.

Sangara mkubwa mno naye astahili kurudishwa majini. Jike hukomaa akiwa mkubwa kuliko dume, na jike kubwa hutaga mayai kwa mamilioni. Anayemwua kwa ajili ya kupigwa picha huua kizazi kizima. Mikono ilowanishwe kwanza, samaki asiinuliwe kwa mashavu yake, tena ashikiliwe majini mpaka aogelee mwenyewe. Mamba ni wengi katika mto huo, kwa hiyo kazi hiyo ifanywe kutoka mashuani pamoja na kiongozi mzoefu, na watoto wasikaribie ukingo.

Akina mama nao wana sehemu yao, maana samaki mchanga asiponunuliwa hatavuliwa. Rula ya mtoto wa shule, yenye sentimeta 30, ikitiwa kikapuni siku ya soko, yatosha kumpima ngege.