Nani Hasa Aliyeigiza?

Orodha ya waigizaji mwishoni mwa filamu ni madai ya mtayarishaji, nayo madai huhitaji kuthibitishwa. Katika filamu za ngono zinazotengenezwa kwa siri kazi huwa ngumu zaidi: msanii mmoja hutumia majina kadhaa, jina moja hubandikwa watu tofauti, na vipande vya kanda ya zamani huunganishwa upya vikauzwa kwa jina jingine.

Filamu za kawaida nazo hupotosha. "Die weiße Massai" ya 2005 ilitokana na kitabu cha Corinne Hofmann, mzaliwa wa Uswisi aliyekutana na morani wa Kisamburu kwenye feri ya Likoni mwaka 1986. Anayejua kuwa kisa ni cha kweli huweza kudhani anamwona morani mwenyewe, kumbe morani wa filamu, Lemalian, aliigizwa na Jacky Ido, mzaliwa wa Burkina Faso. Katika "Paradies: Liebe" ya Ulrich Seidl, iliyoshindania tuzo Cannes mwaka 2012 na kusimulia habari za watalii wanawake na vijana wa ufukweni, kijana aitwaye Munga aliigizwa na Peter Kazungu. Sasa, akina Kazungu pwani ya Kenya ni wengi mno, hivyo jina peke yake halitoshi. Na kijana wa Diani, kwenye pwani hiyo hiyo, huenda akajulikana ufukweni kwa jina la utani lisilomo kabisa kwenye kitambulisho chake.

Ndiyo maana mchunguzi huanzia kwenye kanda yenyewe, kisha mikataba na hati za malipo. Kurasa kumi za intaneti zilizonakiliana ni shahidi mmoja tu. Sura hulinganishwa kwa vitu visivyobadilika upesi: umbo la sikio, kovu, mpangilio wa meno. Sauti husaidia pia. Huko Msambweni, pwani hiyo hiyo, Mdigo humtambua mwenzake kwa matamshi, mathalani ile "ts" ya jina la mahali Tsimba. Lakini sauti huweza kuwa imetiwa baadaye na mtu mwingine.

Marekani, sheria ya 1988 inawalazimu watayarishaji wa filamu za ngono kuhifadhi kumbukumbu za majina halisi na umri wa waigizaji. Kenya, kifungu cha 181 cha Kanuni ya Adhabu kinaharamisha biashara ya picha chafu, hivyo ni nadra mtayarishaji wa siri kuweka karatasi. Hubaki sura tu, nazo watu hufanana. Na katika mji wa pwani kama Ukunda kila mtu ana jirani anayemjua. Kwa hiyo kumtaja asiyehusika ni kumvunjia heshima na nyumba. Penye shaka, paandikwe "hajulikani".