Vita Vilivyotupitia (Sehemu ya Nne): Kasika, Nyumba ya Bami

Desemba 4, 2025 marais Tshisekedi wa Kongo na Kagame wa Rwanda walikutana Washington kuthibitisha makubaliano ya amani. Kabla wiki haijaisha Uvira ilikuwa mikononi mwa waasi wa M23, kama Bukavu ilivyokuwa tangu Februari mwaka huo. Wengi wameniuliza: kwa nini saini hazishiki? Makala zilizotangulia zilituleta hadi Agosti 1998, waasi wa RCD na askari wa Rwanda wakiingia njia ya Kamituga. Jibu liko njiani humo, Kasika.

Lakini kwanza tuijue Kasika. Ni kitovu cha sheferi ya Lwindi, nchi ya Wanyindu katika teritori ya Mwenga. Simulizi za jadi zinaitaja Lwindi, nchi ya mto Ulindi, kuwa chimbuko la koo za kitawala za Bushi. Wazee wa Kabare na wa Ngweshe wakirudisha nasaba zao nyuma, hufika huko. Himaya zikaenea hadi kwenye ziwa Kivu, lakini shina likabaki kule milimani. Mwanafunzi wa Bukavu atakutajia Leopold wa Pili bila kusita; umuulize Lwindi, atanyamaza. Hilo ni kosa letu sisi wazazi na walimu. Mwami, mtawala wa jadi, kwa Wanyindu ndiye anayegawa mashamba, anayekata kesi za mipaka, anayeunganisha walio hai na waliowatangulia. Ukimuua, umegusa ardhi yenyewe.

Agosti 23, 1998 wapiganaji wa Mai-Mai waliwavizia maofisa wa upande wa RCD huko Kilungutwe, wakawaua. Kesho yake, Jumatatu, kisasi cha RCD na askari wa Rwanda kiliwaangukia wanavijiji ambao hawakuwa na bunduki. Paroko na masista waliuawa parokiani. Mwami François Mubeza aliuawa pamoja na mkewe mjamzito, na watu wa nyumba yake. Ripoti ya Mapping ya Umoja wa Mataifa inasema waliokufa Kilungutwe, Kalama na Kasika walizidi 1,000, wengi wao wanawake na watoto.

Waliosalia walikimbilia msituni, wengine Bukavu. Vijana wengi walioyaona hayo waliingia Mai-Mai, na hapo vita vikapata chakula cha miaka mingi.

Kisha ikaja amani ya makaratasi. Baada ya mazungumzo ya Sun City, serikali ya mpito ya 2003 iliipa RCD kiti cha makamu wa rais, na makamanda wa pande zote wakaingizwa katika jeshi la taifa na vyeo vyao. Mama wa Kasika aliyerudi kulima mihogo juu ya kaburi la wanawe hakuulizwa lolote. Ripoti ya Mapping, iliyotolewa Oktoba 1, 2010, iliorodhesha matukio 617 ya kati ya 1993 na 2003, ikapendekeza mahakama yenye majaji wa Kongo na wa kigeni. Daktari Mukwege aliikumbusha dunia ripoti hiyo Oslo mwaka 2018, alipopokea tuzo ya Nobel. Mahakama hiyo haijaundwa. Sheria ya Desemba 2022 imeleta mfuko wa fidia, na Agosti 2 sasa ni siku ya kuwakumbuka waliouawa. Ni jambo jema, ila fidia bila hukumu humwacha muuaji na cheo chake.

Washington, kama Sun City, ilizungumza na wenye bunduki. Ndiyo maana sishangai.

Ninyi wenye wazee wa Lwindi walio hai, kaeni nao mwezi huu. Andikeni majina ya waliokufa, jina la baba na la kijiji, nakala moja ibaki kwenu na nyingine parokiani. Siku majaji watakapokuja, watahitaji majina. Sehemu ya tano itateremka Makobola.