Dozi ya Mwisho Isiachwe

Mtoto wa hapa Masuguru akishachomwa sindano ya surua na rubela ya miezi 9, ni rahisi wazazi kuona kliniki imekwisha. Anakula ugali, anacheza, hana hata mafua. Aende zahanati kufanya nini, na shamba linadai palizi? Lakini ratiba ya taifa inamtaka arudi akiwa na miezi 18, tena kwa sababu nzito. Katika watoto 100 wanaochanjwa surua wakiwa na miezi 9, takriban 15 hawajengi kinga, mara nyingine kwa kuwa kinga waliyotoka nayo kwa mama huidhoofisha chanjo. Kwa macho huwezi kuwatambua. Wengi wao hunusurika kwa dozi ya pili, na surua huambukiza kwa kasi kiasi kwamba wachache wakiachwa, ugonjwa hupata pa kuanzia.

Kwamba dozi ya nyongeza ina kazi yake, ushahidi mmoja ulipatikana jirani kabisa. Korogwe ilikuwa kati ya vituo 11 barani Afrika vilivyoifanyia majaribio chanjo ya malaria, RTS,S, kuanzia 2009 hadi 2014. Kwa walioanza wakiwa na umri wa miezi 5 hadi 17, dozi tatu zilipunguza malaria kwa asilimia 28 katika miaka takriban minne. Kwa walioongezewa ya nne, mwaka mmoja na nusu baada ya ya tatu, ilipungua kwa asilimia 36.

Wapo wanaosema chanjo huleta homa. Ni kweli huweza kuleta, lakini hupita yenyewe, ilhali surua huweza kuleta nimonia, upofu na hata kifo. Wengine husema chanjo ni mambo ya watoto. Hapo pepopunda inawasuta: vijidudu vyake vimo udongoni, na kwa kuwa haiambukizwi na mtu, kuchanjwa kwa jirani hakukukingi wewe. Mjamzito huchanjwa kliniki. Mumewe anayeshinda na jembe na panga huenda asiulizwe mpaka siku atakapojikata. Naye aulize mwenyewe anapokwenda kupima afya.

Basi itoe kadi ya mtoto leo uitazame sehemu ya miezi 18. Ikiwa tupu, mpeleke: katika vituo vya serikali chanjo za ratiba hutolewa bure.