Jiwe la Tabaka na Mikono Yake

Sahani na bakuli za mawe laini tuzionazo katika maduka ya Mombasa, na ambazo zimo katika nyumba zetu nyingi, asili yake ni Tabaka, Kaunti ya Kisii. Huko jiwe huchimbwa kwa mikono; wanaume hulichonga, na kina mama hulisugua kwa msasa na maji mpaka likalainika.

Hapo ndipo alipotoka Elkana Ong'esa, aliyeona kwamba jiwe lile laweza kubeba fikra kama libebavyo chakula. Kazi yake, "Ndege wa Amani", ya mwaka 1978, imesimama katika makao makuu ya UNESCO jijini Paris. Mwaka 2014 alishiriki tamasha la Smithsonian, Washington, akionyesha ufundi wake hadharani.

Sisi tuna msimamo wetu juu ya sanamu, wala hatuuachi. Hata hivyo, ujira wa mwenye kazi ni haki. Jina la Ong'esa lajulikana. La mama aliyeisugua sahani yetu, mikono majini kutwa, halikuandikwa popote. Basi tununuapo tusimpunje, na watoto wetu tuwaeleze sahani ile imepitia mikono ya nani.