Fundi Anayejenga Ndani ya Sinema

Tukitazama sinema tunaona majumba, mapango na ofisi. Je, vyote ni vya kweli? Hapana. Vingi hujengwa na maseremala kwa mbao, plasta na rangi. Yuko fundi anayevibuni na kuvichora kwanza.

Fundi mmoja hodari aliitwa Ken Adam. Alizaliwa Berlin, Ujerumani, mwaka 1921, katika jamaa ya Wayahudi. Serikali ya Hitler ilipoanza kuwatesa Wayahudi, jamaa hiyo ilikimbilia Uingereza mwaka 1934. Huko Adam alisomea uchoraji wa majengo. Vita Kuu ya Pili ilipotokea, akawa rubani wa ndege za vita za Uingereza. Akapigana na utawala uliomfukuza kwao.

Baada ya vita aliingia kazi ya sinema akiwa mchoraji wa chini tu. Mwaka 1964 ikatoka sinema ya *Goldfinger*. Inahusu njama juu ya ghala la dhahabu la Marekani, Fort Knox. Adam hakuruhusiwa kuingia ndani ya ghala hilo. Basi alifanyaje? Alilibuni kwa akili yake, dhahabu ikapangwa mpaka juu sana. Dhahabu ya kweli haipangwi hivyo, maana ni nzito mno. Lakini watazamaji waliamini.

Adam alipata tuzo ya Oscar mara mbili. Alifariki mwaka 2016.

Tunajifunza nini? Tuchore kwanza, ndipo tujenge. Ndugu, kabla hujafyatua tofali, chora nyumba yako. Kosa la penseli unalifuta. Kosa la ukuta linakula pesa.