Usibandue kope kwa vidole

KOPE si pambo tu. Hukinga jicho dhidi ya vumbi. Lakini akina dada wengi wanaonijia na macho mekundu, yanayowasha, huwa wamebandika kope za dukani, kisha wakazibandua kwa vidole. Gundi hutoka na kope zenyewe, na ukope uliong'oka huchukua wiki 6 au zaidi kuota tena. Zikivutwa kila mara, mashina huharibika na pengo likabaki.

Lainisha gundi kwanza kwa pamba yenye mafuta, macho yakiwa yamefungwa. Maskara itupe baada ya miezi 3, na usiazime hata ya dadako. Jicho likiuma au ukiona ukungu, usijinunulie dawa ya matone, kwani nyingine zina steroidi. Nenda kliniki siku hiyo hiyo.